Barua kwa mwanangu: Hakushindwa

Mwanangu,

Marahaba. Ujumbe wako nimeusoma. Unauliza mbona Miyoshi Umeki, mwanamke wa kwanza kutoka Asia Mashariki kushinda Oscar ya uigizaji, alicheza filamu chache Hollywood kisha akatoweka. Eti alishindwa?

Hakushindwa. Alizaliwa Otaru, kisiwani Hokkaido, mwaka 1929. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia aliimba jazi na bendi za wanajeshi wa Marekani, akarekodi kwa jina la Nancy Umeki, na mwaka 1955 akahamia Marekani. Aliimba kwenye kipindi cha televisheni cha Arthur Godfrey, na hapo ndipo mwongozaji Joshua Logan alipompata mwigizaji wa kuwa Katsumi katika filamu yake "Sayonara" ya 1957. Katsumi anaolewa na mwanajeshi wa Kimarekani, ndoa ambayo jeshi haliitaki, na mwisho wanajiua wote wawili. Umeki anasema maneno machache mno humo. Kazi yote inafanywa na macho. Machi 1958 akapewa tuzo ya mwigizaji msaidizi bora wa kike.

Sasa ona alichopata baadaye. Filamu nne tu, zote za 1961 na 1962, na katika "Flower Drum Song" Mjapani huyu akafanywa binti wa Kichina. Kwa wakubwa wa studio, Asia nzima ilikuwa sura moja. Red Buttons, aliyeigiza mumewe Katsumi na kushinda Oscar usiku uleule, aliendelea kupata filamu miaka na miaka.

Kuanzia 1969 hadi 1972 Umeki alirudi kwenye televisheni katika tamthilia, akiwa Mrs. Livingston, mtumishi wa ndani kwa mgane mwenye mtoto mdogo. Mshindi wa Oscar, jamani! Hapo ndipo hasira hunipanda. Tamthilia ilipokwisha, naye akaacha uigizaji moja kwa moja.

Mwanawe amesimulia kwamba mama yake alilikwangua jina lake kwenye ile sanamu ya Oscar, kisha akaitupa. Wengi huona uchungu hapo. Mimi naona mtu aliyejijua bila kuhitaji sanamu ya kumthibitisha. Alifariki mwaka 2007 huko Missouri, alikohamia awe karibu na mwanawe na wajukuu. Oscar ya uigizaji haikwenda tena kwa mwanamke wa Asia Mashariki hadi 2021, alipoipata Youn Yuh-jung wa Korea Kusini. Hesabu mwenyewe miaka hiyo, halafu uniambie kama aliyeshindwa ni Umeki.

Ukiipata "Sayonara", itazame. Marlon Brando, nyota wa filamu hiyo, atakuvuta macho, ndiyo kazi yake. Wewe mfuate Katsumi, kisha unipigie.

Mama yako