Jibu: Kwa nini mdogo kachanjwa HPV (virusi vinavyosababisha saratani ya mlango wa kizazi) mara moja, dada yake mara mbili?

Shikamoo mama. Umeuliza kama dozi zimepungua kwa sababu Igoma mmeletewa chanjo pungufu. Hapana. Mkubwa alichanjwa wakati ratiba ya nchi, iliyoanza 2018, ilikuwa dozi mbili. Mwaka 2024 Tanzania ilihamia dozi moja.

Na ushahidi wenyewe sehemu yake umetoka hapahapa Mwanza! NIMR, taasisi ya taifa ya utafiti wa tiba, na watafiti wenzao wa London walichukua wasichana 930 wa miaka 9 hadi 14, wakawagawa kwa bahati nasibu: wengine dozi moja, wengine mbili, wengine tatu. Baada ya miaka miwili, karibu wote wa dozi moja bado walikuwa na kingamwili (askari wa mwili) dhidi ya HPV 16 na 18, aina zinazosababisha takriban asilimia 70 ya saratani ya mlango wa kizazi. Kiwango chao kilikuwa chini kuliko cha wenzao, hilo ni kweli, ila kilitulia, hakikuporomoka. Kingamwili si sawa na kuona ugonjwa umezuiwa, ndiyo maana mimi naupa uzito pia utafiti wa Kenya, ambako dozi moja iliwakinga wasichana vizuri sana na maambukizi yenyewe.

Ila kama binti anaishi na VVU, mwambie muuguzi. Yeye anahitaji zaidi ya dozi moja.

Yale ya kwamba chanjo inafunga kizazi, tumeyasikia sana mwaloni. Hayana ukweli.

Wewe mwenyewe umeshapima mlango wa kizazi, mama?