Maswali yenu ya Roma: kigari cha umeme, magoti ya mama, na choo kiko wapi

Aisee watu wangu. Niliposti picha moja tu ya mama yangu amekaa kwenye kigari cha umeme Roma, kitenge kinapepea, miwani ya jua usoni kama mke wa balozi, tangu siku hiyo simu yangu hailali. Wengi mnaoniandikia ni wa Moshi na Arusha, parokia zenu zinaandaa hija, na kila kikundi kina bibi mmoja ambaye moyo unataka ila magoti yamegoma. Basi leo najibu kwa mpigo, yaliyofanana nimeyaunganisha, na yule aliyeuliza kama Roma atapata mtori asubuhi, kaka, kula kwenu kabisa uondoke.

"Mwanangu, hicho kigari ni kitu gani hasa? Ni bajaji?" Mama wa Kiboriloni

Shikamoo mama. Ni ndugu yake bajaji ila kimekula kikashiba. Matairi manne, paa juu, pembeni wazi, abiria watano sita hivi wanaenea, siti zingine zinatazama nyuma, na hakina mlio wa injini kabisa, yaani unasikia matairi tu. Mnakikodi nyie wenyewe familia au kikundi, dereva anawafuata hotelini, mnazunguka saa tatu hivi, mnashuka mnapotaka kushuka.

Sasa kwa nini kigari na sio gari la kawaida, hapo ndipo watu hawaelewi. Katikati ya Roma ya zamani kuna maeneo wanayaita ZTL, magari hayaingii ovyo, kuna kamera inapiga picha namba ya gari halafu faini inakufuata hadi nyumbani. Basi la hija linawashusha mbali, kisha mnatembea, na kutembea kwa Roma sio kama kutoka stendi ya Moshi hadi Mbuyuni, ni kutwa nzima. Vigari hivi vyenye vibali vinapita vichochoro ambavyo basi hata likiota haliwezi. Siku ya kwanza sisi tulitembea na kikundi, kufika saa saba mchana mama akaniambia nimwache hapo hapo tutakutana mbinguni. Kesho yake tukakodi.

"Mi nina disk ya mgongo, kitanirusha?" Kaka, Njiro

Kitakurusha, sikudanganyi. Mitaa ya kule imepangwa vijiwe vyeusi vya volkano wanaviita sampietrini, vinateleza mvua ikinyesha na vimeachana achana, na kigari hakina springi za kujisifia. Kaa siti ya mbele karibu na dereva, ya nyuma ndio inarusha zaidi, na mwambie mapema aende taratibu. Mama alikunja khanga akaikalia. Ila disk ni disk kaka, muulize daktari wako kwanza, mi ni mwandishi tu.

"Bei gani? Na je huyo dereva ndio guide?" Wameuliza watu kumi na moja, sina utani

Bei nyingi ni ya kigari kizima sio ya kichwa, na ni mamia ya euro, kwa hiyo mkiwa wawili mtalia, mkiwa watano mnachangishana inakuwa afadhali. Hapo ndipo nasema tumieni akili ya kikoba.

Swali la pili ndio la maana na ndipo mimi nililiwa. Italia kuongoza watalii ni kazi ya leseni kabisa, mtu anafanya mtihani, kwa hiyo kuna guide mwenye leseni na kuna dereva ambaye ni dereva. Kampuni tuliyolipia mara ya kwanza, siitaji, tangazo lao limeandika ziara binafsi na mwongozaji, tumefika ni kijana mzuri tu ana tabasamu anaendesha vizuri, kila tukifika mahali anasema "very old", tunaenda pengine "also very old". Mama akaniuliza kwa Kichagga kama huyu mtoto tumemlipa ili atuambie Roma ni ya zamani. Kwa hiyo kabla ya kulipa andikeni ujumbe muulize wazi: guide mwenye leseni anakaa ndani ya kigari na sisi, ndio au hapana? Anaongea lugha gani? Tiketi za kuingilia zimo au hazimo? Wakijibu kwa kuzunguka zunguka, hameni.

Kiswahili msitegemee. Ila ulizeni kwenye parokia zenu, mapadre na masista wetu wanaosoma Roma sio wachache, mmoja akipata nafasi ya kupanda nanyi kama mkalimani mtafaidi kuliko hiyo euro yote. Mualikeni chakula cha mchana, mwanafunzi ni mwanafunzi hata akiwa na kola.

"Kinaingia hadi ndani Colosseum na kwa Baba Mtakatifu?" Binti, Majengo, anamuulizia bibi yake

Hapana mdogo wangu, na hili mwambie bibi mapema asije akavunjika moyo. Kigari kinakuleta karibu, ndani unaingia kwa miguu yako. Uwanja wa Mtakatifu Petro hakiingii, kinawashusha nje. Kuingia kanisani ni bure ila kuna foleni ya ukaguzi kama ya uwanja wa ndege, na mabega na magoti yafunikwe, hapa ndio nawaambieni khanga mbili kwenye mkoba ni mali, niliwaazima wadada wawili wa Kizungu waliokuwa wanarudishwa mlangoni, wakanishukuru kama nimewapa ubatizo. Jumatano Baba Mtakatifu akiwepo kuna katekesi asubuhi, watu wanajaa, kwa hiyo kigari usikipange asubuhi hiyo. Jumapili Makumbusho ya Vatikano yanafungwa, isipokuwa Jumapili ya mwisho wa mwezi, na hiyo sasa ni bure kwa hiyo foleni yake usiombe.

Colosseum tiketi inaandikwa jina la mtu na mnaonyesha pasi, kwa hiyo msije mkamnunulia bibi kwa jina la "Mama Mdogo". Ndani kuna lifti, ulizeni. Lakini kama bibi kachoka, mi kwa maoni yangu Colosseum ukiizunguka kwa nje na kigari unaipata vizuri tu, jengo lilizinduliwa mwaka 80, sio 1980, mwaka 80, na bado limesimama, unakaa kwenye siti unalitazama ukubwa wake unatosheka.

"Tukiwa na saa tatu tu, mama asikose nini?" Kaka, Sakina, Arusha

Hili nalipenda, ngoja nikae vizuri.

Anzeni mapema asubuhi na chemchemi ya Trevi, ile iliyokamilika 1762, kwa sababu ikifika saa nne hapo ni Kariakoo. Mama atupe sarafu kwa kugeuka nyuma, ndio desturi, na asidhani hela inapotea, zinaokotwa zinaenda Caritas, shirika la misaada la Kanisa, kwa maskini, zaidi ya euro milioni 1 kwa mwaka. Mama yangu aliposikia ni Caritas akatupa ya pili.

Halafu Pantheon. Baba yangu marehemu alikuwa fundi ujenzi, kwa hiyo nikifika hapa huwa namuwaza yeye. Kuba la zege, upana mita 43.3, na kutoka sakafuni hadi juu ni mita 43.3 hizo hizo, na HAKUNA NONDO. Hata moja. Limejengwa enzi ya Kaisari Hadriano, karibu miaka 1900 iliyopita, na mpaka leo ndio kuba kubwa kuliko yote duniani la zege lisilo na nondo. Juu lina tundu wazi, mvua inaingia, sakafu ina vitobo vya kutolea maji. Siri yake walikuwa wanabadilisha kokoto, chini nzito, juu wakatumia mawe mepesi ya volkano, mengine ni yale yanayoelea majini, na ukuta wa kuba unazidi kuwa mwembamba kadiri unavyopanda. Sisi tuna volkano nyumba ya jirani na tunajenga fensi inaanguka masika ya kwanza, haya. Ni kanisa tangu mwaka 609, ila watalii tangu Julai 2023 wanalipa kiingilio.

Kisha kilima cha Aventino, hapa ndio kigari kinalipa maana ni kupanda mlima. Kuna geti la Mashujaa wa Malta lina tundu la ufunguo, unachungulia unaona kuba la Mtakatifu Petro limekaa katikati kabisa ya njia ya miti. Kuna foleni ya kuchungulia tundu la ufunguo, ndio, watu wazima na akili zetu. Mama alipochungulia alikaa kimya muda mrefu mpaka wa nyuma wakaanza kukohoa.

Mkishuka hapo mwambieni dereva apite Piazza di Porta Capena, mbele ya makao makuu ya FAO, shirika la chakula la Umoja wa Mataifa. Ninachowapelekea hakipo tena, na ndio maana nataka mpite. Hapo ulisimama mnara wa jiwe wa Aksum, mita 24, Waitaliano waliuchukua Ethiopia 1937 wakausimika hapo, na jengo lenyewe la FAO lilianza kujengwa liwe wizara ya makoloni yao ya Afrika. Mwaka 1947 wakasaini kuurudisha. Wakaurudisha 2005, kwa ndege, vipande vitatu, ukasimamishwa tena Aksum 2008. Nilimweleza mama hayo akaniuliza swali moja tu: na cha Meli je? Wa Moshi mmeelewa. Mangi Meli, mtawala wa Wachagga wa Old Moshi, alinyongwa na Wajerumani huko huko tarehe 2 Machi 1900, kichwa kinasemekana kilipelekwa Ujerumani, ukoo wake bado unakitafuta. Dereva aliona tumenyamaza akadhani tumechoka.

Ngazi za Hispania ziko 135, msizipande, kigari kinawafikisha juu kabisa mlango wa kanisa mnatazama chini. Na msikae kwenye ngazi, tangu 2019 ni marufuku, polisi anapuliza filimbi.

"Choo?" Hakuandika jina, ila namwelewa

Mgahawa. Kule wanauita bar, mnaingia mnanunua kahawa mnaomba choo. Inyweni mkiwa mmesimama kaunta, ukikaa mezani bei inapanda. Maji ya kunywa ni bure barabarani, kuna mabomba madogo ya chuma yanatiririka siku nzima, maji safi ya baridi, bebeni chupa.

"Mwezi gani, na mvua je?" Dada, Himo

Julai na Agosti jua ni la Dar bila bahari, epukeni kwa wazee. Mvua ikija vigari vingi vinateremsha mapazia ya nailoni, mnakuwa kama nyanya sokoni lakini hamlowi.

"Dada, mi ni guide Arusha, nawaza kuleta kigari kama hicho hapa mjini. Nitatoboa?"

Mdogo wangu, wazo zuri, ila tuhesabu. Arusha unayo njia tayari: Mnara wa Saa wanaosema ni katikati ya Cairo na Cape, unapanda Boma Road hadi Boma ya Wajerumani ambayo leo ni makumbusho, AICC, jengo la mikutano ya kimataifa, iko hapo hapo ambapo mahakama ya mauaji ya Rwanda ilikaa hadi 2015, unamalizia Kaloleni kwenye Makumbusho ya Azimio la Arusha la 1967 na mnara wa Mwenge. Yote ni karibu karibu, betri haishtuki. Watalii wanashuka KIA wanakimbizwa Serengeti hawajui hata mji waliolala una historia gani.

Moshi unayo stesheni ya reli ya Tanga, unayo KNCU, chama cha ushirika cha wakulima, ya 1933 na kahawa yake, lakini ukitaka kuwapandisha Old Moshi kwa Meli kwa kigari cha gofu, mteremko ule utakusukuma wewe na mgeni wako. Huko tafuta gari.

Leseni ya TALA, ile ya biashara ya utalii, usicheze nayo, na LATRA, wasimamizi wa usafiri wa ardhini, waulize kabla hujanunua chombo, sio baada. Halafu foleni ya daladala na boda zinazokata kushoto kulia, kigari kimya hakisikiki, weka honi kubwa. Ukianza niambie, nakuja na mama, ila yeye anakaa mbele na atakuuliza maswali, jiandae usije ukamwambia "ya zamani sana".