Mama aliomba tusimame

Wiki iliyopita mliwauliza wasomaji: kwa safari fupi ya kutazama miji ya kale, kumlipa kiongozi wa peke yako kuna faida, au ni anasa tu na bora mtu aende na kundi?

Kuna faida. Na kwa anayesafiri na mzee, mimi naona ni lazima.

Nasema hivi kwa kuwa nimekaa pande zote mbili. Huu ni mwaka wangu wa 16 natembeza wageni katika Mji Mkongwe, Unguja, kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii shingoni. Na mwaka 2024 ilikuwa zamu yangu kuwa mgeni. Nilikwenda Uzbekistan na mama yangu, siku tano, miji miwili, kwa treni, na kiongozi wetu sisi wawili tu.

Kabla ya safari hiyo niliwahi kumpeleka Misri. Tuliingia kwenye kundi la watu zaidi ya 40; kampuni sitaitaja. Mama ana goti bovu. Tulipofika hekalu la Karnak kiongozi alinyanyua kibendera chake, akatangaza dakika 20, akaondoka mbio. Mimi nilikwenda kumtafutia mama maji. Niliporudi kundi lilikuwa limeshatokea upande wa pili wa ule ukumbi wa nguzo 134, na yeye nikamkuta peke yake juu ya jiwe, mkoba kaukumbatia kifuani. Nilimuuliza, "Umeona, mama?" Akanijibu, "Nimeona migongo ya watu."

Maneno yale yaliniuma kama mwana, na yaliniuma zaidi kama mtu wa kazi hii. Nilijiuliza ni mama wa watu wangapi niliowaacha nyuma pale Darajani nikikimbilia soko la watumwa kabla halijafungwa.

Uzbekistan tulikwenda kwa ajili ya jina moja. Mama ana miaka 69. Tangu mdogo amekaa darsa za Ramadhani akisikia hadithi za Mtume zikifuatwa na maneno "imepokewa na Bukhari", na hakuna aliyemwambia kuwa Bukhari maana yake ni mtu wa Bukhara, na kwamba mji wenyewe upo hadi leo, una soko, una stesheni ya treni. Siku niliyomwonesha kwenye ramani ya simu alinyamaza kitambo, kisha akauliza, "Kunafikika?" Zamu yangu ya upatu ilikuwa imekaribia. Plasta ya ukuta wa nyuma ikangoja mwaka mwingine.

Kiongozi wetu alikuwa binti wa Samarkand, umri wake kama miaka 30, amesoma historia. Alitupokea Tashkent, na asubuhi ya pili, saa moja na nusu, tukapanda Afrosiyob, treni ya mwendokasi iliyoundwa Hispania, yenye uwezo wa kufika kilomita 250 kwa saa. Kutoka Tashkent hadi Samarkand ni kiasi cha kilomita 340, na tulizimaliza kwa saa mbili na dakika kidogo. Anayetaka kwenda na ajue mambo mawili: tiketi za treni ile hukwisha mapema sana, na pasipoti yako hutazamwa mlangoni mwa stesheni kabla hujauona hata uwanja wake. Kiongozi wetu alikuwa ameshakata tiketi zamani, tena viti vya dirishani, na alituambia tusizifunge pasipoti ndani ya begi.

Mama hakuwahi kupanda treni maishani. Unguja hakuna, ingawa iliwahi kuwapo: mwaka 1905 gari la moshi lilianza kutoka Ngome Kongwe, likipita katikati ya nyumba za mji mpaka Bububu, maili saba, na katika miaka ya 1920 likafa. Bibi yake mama alikuwa mtu wa Bububu. Mama alikaa dirishani, mashamba ya pamba yanakimbia nje, akamsimulia binti yule namna bibi yake alivyokuwa akihadithia kuku walivyotimka kila gari lilipopiga honi. Mimi nikifasiri. Binti alicheka, naye akatoa yake. Reli ilipofika kwao mwaka 1888, amiri wa Bukhara hakutaka ipite karibu na mji, watu waliiita gari la shetani, na kwa hiyo stesheni ikajengwa Kagan, zaidi ya kilomita kumi nje. Mpaka leo ukishuka treni ya Bukhara unashuka Kagan.

Ndiyo sababu naisifia treni kwa safari ya namna hii. Kwenye basi la watalii kiongozi huzungumza kwa maikrofoni na wageni husinzia. Kwenye treni mnakaa mkielekeana, chai mezani, na maswali huja yenyewe. Kabla hatujafika Samarkand wale wawili walikuwa wameshagundua kuwa wana maneno ya pamoja. Sisi kitabu, wao kitob. Sisi dunia, wao dunyo. Dua, duo. Hesabu, hisob. Wakati, vaqt. Na asante yao ni rahmat. Mama alikuwa akiyahesabu kwa vidole, na kuanzia pale hakumwita tena "huyu binti", alimwita "mwanangu", naye akamwita "onajon", yaani mama mpenzi.

Samarkand sina haja ya kuieleza yote. Uwanja wa Registan una madrasa tatu, ya kwanza ya Ulugh Beg, iliyojengwa kati ya 1417 na 1420, nyingine mbili za karne ya 17, na uzuri wake ni wa kuziba pumzi. Mama alikaa kwenye benchi mbele ya madrasa ya Sher-Dor akautazama mlango uliochorwa wanyama wakali wakiwafukuza swala, na jua lenye uso wa mtu migongoni mwao. "Skuli ya dini, na wanyama mlangoni?" akauliza. Kiongozi hakumpa jibu la kukariri. Alikaa kando yake akamwambia kuwa watu wa mji wenyewe wanalibishania swali hilo hadi leo, kisha akampa hoja za kila upande.

Nataka nikae kidogo kwenye kituo cha nyota cha Ulugh Beg. Alikuwa mtawala aliyependa hesabu kuliko vita, ingawa babu yake ni Timur, yule mteka nchi aliyeifanya Samarkand mji wake mkuu. Orodha yake ya nyota 1018 ilikamilika mwaka 1437, na mwaka 1449 aliuawa kwa amri ya mwanawe mwenyewe. Jengo lilibomolewa. Kilichobaki ni kipande cha tao kubwa la mawe la kupimia jua na nyota, limeshuka ardhini kama mtaro uliokatwa mwambani, na mchimbaji wa mambo ya kale, Vyatkin, ndiye aliyelifukua mwaka 1908. Kwenye ratiba palikuwa na nusu saa.

Mama akauliza kama mfalme huyo alikijua kilimia, lile kundi dogo la nyota.

Baba yake mama alikuwa nahodha wa jahazi, Mkokotoni, na nyota zilikuwa kazi. Basi mama akamsomea binti yule: kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Nilifasiri mara mbili maana binti alitoa daftari aandike. Akaeleza kuwa zile nyota zimo kwenye orodha ya Ulugh Beg, akazichora zilivyokaa, mama naye akazichora kwa kidole juu ya vumbi la ukuta namna baba yake alivyomfundisha. Tulikaa pale zaidi ya saa moja na nusu. Makundi matatu yaliingia na kutoka tukiwapo, na kila kundi lilipoinama kuchungulia ule mtaro, kiongozi wao alikuwa ameshaanza kutazama saa. Siwalaumu. Nimekuwa mmoja wao. Dereva akikusubiri na chakula kimewekwa saa saba, huna la kufanya.

Kaburi la Imamu Bukhari liko Khartang, kama kilomita 25 nje ya Samarkand. Alizaliwa Bukhara mwaka 810 na akafariki huko Khartang mwaka 870. Wakati ule palikuwa na ujenzi mkubwa na hatukuweza kuingia, jambo ambalo kiongozi alitueleza mapema, kabla hatujalipa chochote, akatuuliza kama bado tunataka kufika. Mama alitaka. Alisimama nje ya uzio, mikono juu, akaomba dua ndefu. Binti alisimama naye akaitikia amina. Hapakuwa na kitu cha kupiga picha, na hakuna kundi lingepelekwa pale siku ile. Mama hadi leo husema ndipo alipofika.

Kuhusu chakula nitasema machache. Pilau yao wanaiita osh, ina nyama ya kondoo na karoti nyingi za manjano, na Samarkand huwa haikorogwi, inapakuliwa tabaka kwa tabaka. Mama aliitafuta bizari ya pilau akaipata, karoti akazisamehe. Mkate wao ni wa duara, umepigwa muhuri wa nakshi katikati, huokwa kwa kubandikwa ndani ya tanuri la udongo kama mofa wetu.

Bukhara ni mwendo wa saa moja na nusu hivi kwa treni ileile. Hapo ndipo mama alipomfundisha kiongozi. Kuna kaburi la Wasamani, ukoo uliotawala Bukhara zamani, la karne ya 10, jengo dogo la mraba la matofali matupu, halina kigae wala rangi. Viongozi wote huwaambia wageni kwamba matofali yamepangwa kama kikapu kilichofumwa. Mama anasuka ukili tangu utotoni. Aliusogelea ukuta, akaweka kiganja, akafuata mstari mmoja kwa kidole mpaka kwenye pembe, akarudi, akafuata mwingine. Kisha akatuonesha pale fundi alipobadilisha mwendo wa msuko ili pembe isiachie, kama sisi tunavyofanya tukikata kona ya mkeka. Binti alisema amepita pale miaka saba na hakuwahi kuliona hilo. Tangu siku hiyo, aliniandikia baadaye, wageni wake huwaonesha pembe kwanza.

Mchana ule tulikuwa tukaingie ngome ya amiri, Ark. Hatukuingia. Tulipofika chini ya mnara wa Kalyan, uliojengwa mwaka 1127 na una urefu wa mita 46 hivi, mama aliusikia upande wa pili wa uwanja mlio wa vijana wakisoma. Ni madrasa ya Mir Arab, ya karne ya 16, na bado ina wanafunzi. Mgeni haruhusiwi kupita ukumbi wa mlangoni. Mama akaomba tusimame. Akakaa ngazini, goti amelinyoosha, akisikiliza. Dakika 10 zikawa 20, zikawa 40. Mimi, kwa mazoea ya kazi, nilikuwa nahesabu: Ark hufungwa lini, tukiondoka sasa tutawahi? Kiongozi aliniona. Akanigusa bega, akasema, "Ngome haiondoki, kaka. Acha mama asikilize." Akaenda akaleta chai, akammiminia mama kidogo tu chini ya kikombe, maana kwao chai kidogo ni ishara kwamba hawataki uondoke upesi.

Sasa, gharama. Malipo ya kiongozi kwa siku yalikuwa chini ya usiku mmoja wa hoteli yetu ya Dubai tulipobadilisha ndege. Kama una miguu mizima, umri mdogo na hamu ya kupotea vichochoroni, huna haja naye kila siku. Mchukue siku ya kwanza ya kila mji, nyingine zunguka mwenyewe. Lakini ukimchukua, usimjazie ratiba. Watu hunijia hapa Unguja wakitaka Mji Mkongwe, Maruhubi, Mtoni na mashamba ya viungo kwa nusu siku, kisha wanashangaa kwamba wamechoka na hawakumbuki kitu. Miji miwili kwa siku tano ilitutosha. Ulizia mtu wa mji wenyewe, mwenye leseni, na mwandikie mapema kabisa nani anatembea pole pole na kwa nini. Akijibu kwa kukupunguzia vituo bila kuombwa, huyo mshike.

Mimi nimebadilisha jambo moja katika kazi yangu. Nikiwa na mzee kwenye kundi, yeye ndiye anayetangulia, sisi wengine tunafuata mwendo wake. Kampuni moja ninayofanya nayo kazi haikupenda. Nyingine mbili zimekubali.

Asubuhi ya kuondoka, pale Kagan, binti alikuja na mkate mzima. Akamwambia mama aung'ate kipande. Kwao anayesafiri huung'ata mkate, na uliobaki hutundikwa ukutani mpaka arudi aumalize. Mwezi uliopita alituma picha: mkate bado unaning'inia, alama ya meno inaonekana. Mama aliiangalia picha ile kwa muda mrefu, kisha akauliza ule mji wa tatu, Khiva, nao una treni?

Unayo, tangu mwaka 2018. Upatu wangu mwingine ni mwezi wa Machi.