Tinga Tinga Tales ni ya hapa Nairobi jameni

Wewe uliyeuliza kama Tinga Tinga Tales ni katuni ya Tanzania juu ya hilo jina, hapana, ilitengenezwa hapa hapa Nairobi na studio ya Homeboyz wakishirikiana na kampuni ya Tiger Aspect ya Uingereza, ikaanza kuonyeshwa CBeebies, ile stesheni ya watoto ya BBC, 2010, vipindi 52. Cha Tanzania ni ule mchoro, mtindo wa Edward Saidi Tingatinga aliyeanza kuchora Dar miaka ya 60 na rangi za kupaka baiskeli, ndio maana wale wanyama wamejazwa madoadoa na rangi kali hivyo. Hadithi zenyewe ni zile za shosho, kwa nini tembo ana mkonga, kwa nini gamba la kobe limepasuka, wamezitoa pande tofauti za Afrika. Muziki ni wa Eric Wainaina, yule mwimbaji wa Kenya. Wangu wa miaka 4 akiskia tu wimbo wa kuanza anaacha ugali anakimbilia tivii, mkono bado umejaa sukuma, na kiti changu ndicho kinaumia. Kinachoniuma tu ni vile wanyama wetu waliongea Kizungu, manze huyo kobe angebamba sana na Kiswahili cha Mombasa.