Kasaini mwenyewe kwenda ukadama Oman, je bado ni usafirishaji haramu?

SWALI: Asalaam aleikum bi wakili. Mimi niko Wete. Mdogo wangu wa kike ana miaka 24, kaenda Maskati kufanya ukadama, yaani kazi za ndani, kupitia wakala mmoja wa mjini Unguja. Hapa kasaini mkataba wa riali 80 kwa mwezi, nyumba moja. Kufika kule kapewa karatasi nyengine ya Kiarabu kaambiwa atie saini, pasi wameichukua wao, asubuhi anafanya kwa tajiri wake jioni anapelekwa kwa mama mkwe wa tajiri, na huu mwezi wa tatu hajaona hata baisa. Simu anapewa Ijumaa tu. Nikimpigia wakala ananambia "si kataka mwenyewe, mukitaka arudi nilipeni gharama zangu milioni tatu". Sasa hii ni usafirishaji haramu wa binadamu au kesi ya kazi tu? Na nimwambie atoroke?

JIBU: Waaleikum salaam kaka. Naanza na la mwisho mana hilo halingoji. Kama hapigwi wala hakuna anaemuingilia chumbani, asitoke mbio usiku bila ya mpango. Viza yake imefungwa kwa kafili, yule tajiri ndie mdhamini wake nchini, akitoka tu jamaa anakwenda kuripoti kuwa mfanyakazi kamtoroka na hapo aliedhulumiwa ndie anaetafutwa na polisi, anaweza kuwekwa ndani kisha akarudishwa mikono mitupu. Lakini kama anapigwa au anaguswa, hapo atoke, na akitoka aende moja kwa moja ubalozi wetu Maskati au kituo cha polisi, sio kwa "dada" aliemjua mtandaoni anaemwambia njoo nikupe kazi nyengine. Wapo watu kazi yao kuwangojea hao waliotoroka, na huko ndiko kwenye mambo mabaya zaidi.

Kwa hiyo Ijumaa akipewa simu asimalize dakika zote kulia, masikini najua inauma. Atume lokesheni, jina na namba ya kafili, jina la ile ofisi iliompokea, picha ya karatasi ya Kiarabu kama anayo, kisha afute kwenye simu. Wewe chukua hayo pamoja na kopi ya pasi na mkataba wa hapa, peleka ubalozini kwa maandishi, na nakala iende wizara inayosimamia kazi hapa Zanzibar, mana wakala anatakiwa awe amesajiliwa na mkataba uwe umepita kwao. Kama haukupita hilo peke yake ni kosa la wakala. Na tafadhali usirushe voisi zake Facebook. Najua watu wanasema ukirusha serikali inaamka, ila tajiri nae anaona, na mdogo wako ana haki ya kufichiwa jina lake.

Sasa hilo la "kasaini mwenyewe". Sheria ya Kuzuia Usafirishaji Haramu wa Binadamu ni ya mwaka 2008, na Tanzania ilisharidhia Itifaki ya Palermo, mkataba wa Umoja wa Mataifa dhidi ya usafirishaji huu, tangu 2006. Tunaangalia vitu vitatu: mtu kafanywa nini (kutafutwa, kusafirishwa, kupokewa), kwa njia gani (kudanganywa, kutishwa, kutumia shida yake), na kwa lengo gani (kumnyonya, mfano kumfanyisha kazi kwa nguvu). Ikithibitika kuwa alidanganywa, ridhaa yake haihesabiki. Alikubali nyumba moja na riali 80, hakukubali nyumba mbili bure, sasa hiyo saini anayojitetea nayo wakala inatetea kitu gani? Na sheria yetu imetaja kabisa kumchukua mtu kwa kisingizio cha ajira ya nje ya nchi, walioandika walijua watu wanavyofanya.

Lakini nikwambie ukweli, sio kila mshahara uliochelewa ni usafirishaji haramu. Ingekuwa mshahara tu ningekwambia ni mgogoro wa kazi, tukadai. Shirika la Kazi Duniani lina dalili 11 za kazi ya kulazimishwa, na kwenye maelezo yako naona nyingi: udanganyifu, pasi kuzuiwa, mshahara kuzuiwa, kutengwa na jamaa zake, na deni la kumfungia. Kuzuia pasi ya mfanyakazi hata Oman kwenyewe ni marufuku, inafanywa tu. Tatizo jengine ni kuwa sheria ya kazi ya Oman haimgusi mfanyakazi wa ndani, ana kanuni zake mbali, ndio mana usitegemee sana kudai kule kama anavyodai mtu wa kiwandani.

Kwenye kesi ugumu utakuwa kwa wakala. Atasema mimi nilimpeleka salama, ya kule siyajui. Hapo ndipo ile meseji ya milioni tatu inakuwa dhahabu, mana anajua hali ya mtu na bado anamuuza arudi. Kama alikwambia kwa mdomo muulize tena kwa WhatsApp, piga skrinshoti, na usimpe hata shilingi. Ukilipa umekubali kuwa kuna deni. Halafu nenda polisi, Dawati la Jinsia, ueleze kama jinai, usiseme "nadai mshahara wa mdogo wangu" mana watakurudisha ofisi ya kazi.

Angekuwa na miaka 17 mambo yangekuwa mepesi kidogo upande wa ushahidi, kwa mtoto hatutafuti kama alidanganywa au la, kumpeleka ili anyonywe inatosha. Na hilo liko hadi hapa ndani, vitoto vinavyotolewa mashamba kuja kulea watoto wa watu mjini bila ya skuli. Ukikiona piga 116, simu ya msaada kwa watoto, ni bure.

Jambo jengine, kabla ya kupandishwa ndege huenda akapewa karatasi ya kusema amelipwa haki zake zote na hana dai. Asitie saini asichokisoma, aombe mtu wa ubalozi awepo. Kwa huko kwenu anzia Kituo cha Huduma za Sheria, ofisi yao iko Chake Chake, wakusaidie kuandika hayo maelezo kabla ya Ijumaa nyengine.