Maswali ya Wasomaji: Mama wa Milinganyo ya Einstein

SWALI: Mhadhiri wetu alisema Mfaransa Yvonne Choquet-Bruhat ndiye aliyethibitisha kuwa milinganyo ya Einstein ina majibu. Kwani Einstein mwenyewe alifanya nini?
Mwanafunzi wa fizikia, Morogoro

JIBU: Einstein aliiandika milinganyo hiyo, inayoeleza nguvu ya uvutano kama kupinda kwa anga na wakati, mwaka 1915, na muda mfupi baadaye mwanafizikia Mjerumani Karl Schwarzschild akapata jibu la nyota moja ya duara iliyotulia. Swali zito likabaki: ukijua hali ya anga sasa hivi, je, milinganyo inakupa kesho moja tu, au kesho nyingi, au haikupi kitu?

Chukua uzi wa gitaa. Ili ujue utakavyotikisika, unahitaji umbo lake la sasa na kasi ya kila sehemu yake. Kwa nguvu ya uvutano ni hivyo hivyo: katika kila nukta unahitaji namba 6 za umbo la anga na nyingine 6 za jinsi umbo hilo linavyobadilika. Ila uzi utauvuta upendavyo, na namba hizi 12 huzijazi ovyo, kwani zinabanwa na masharti 4. Kwa hiyo kati ya milinganyo 10 ya Einstein, 4 ni ya masharti na 6 tu ndiyo inayosukuma mambo mbele.

Kikwazo kilikuwa koodineti, yaani namba za kuitaja kila nukta. Nukta ile ile unaweza kuipa anwani kwa njia zisizo na idadi, hivyo kwenye karatasi jibu moja huonekana kama mengi. Yvonne alitumia koodineti za hamoniki, zilizojulikana kabla yake, ambamo kila koodineti hutii mlinganyo wa wimbi. Hapo milinganyo yote 10 hugeuka ya mawimbi, na hakuna athari inayokwenda kasi kuliko mwanga.

Hatua inayofuata wanafunzi wengi huiruka, nao uthibitisho huwavunjikia papo hapo. Lazima uonyeshe kwamba sharti la koodineti, yaani kwamba ni za hamoniki, likitimia mwanzoni, halitavunjika baadaye. Siri ni kwamba kosa lenyewe, yaani kiasi cha kukiukwa kwa sharti hilo, nalo hutii mlinganyo wa wimbi: likianza sifuri, na kasi yake ikiwa sifuri, hubaki sifuri. Hiyo sifuri ya pili inatoka kwenye yale masharti 4.

Uthibitisho huo wa Yvonne, wa mwaka 1952, uliahidi jibu la muda mfupi tu. Mwaka 1969, yeye na mwanafizikia Robert Geroch walionyesha kuwa kila mwanzo una mwendelezo mmoja ulio mkubwa kuliko mingine yote.

SWALI: Naitafuta makala ya 1952 yenye uthibitisho huo kwa jina la Choquet-Bruhat, siipati.
Msomaji, Nairobi

JIBU: Tafuta Fourès-Bruhat, katika jarida la Acta Mathematica, juzuu la 88. Aliolewa na Léonce Fourès mwaka 1947. Jina Choquet lilikuja baada ya kuolewa na Gustave Choquet mwaka 1961. Bruhat ni la baba yake, mwanafizikia Georges Bruhat, aliyefia kambi ya Wanazi ya Sachsenhausen. Yvonne alizaliwa Lille mwaka 1923, akasimamiwa na André Lichnerowicz katika udaktari, akafundisha Paris hadi 1992. Mwaka 1979 alikuwa mwanamke wa kwanza kuchaguliwa mwanachama kamili wa Akademia ya Sayansi ya Ufaransa. Ilichelewa mno, ukizingatia Akademia hiyo ilianza 1666! Alifariki Februari 2025, akiwa na miaka 101.

SWALI: Nimeandika programu ya mashimo meusi mawili yanayogongana. Inakwenda vizuri kidogo, kisha namba zinalipuka.
Mtafiti kijana, Kampala

JIBU: Kwenye karatasi kosa (kukiukwa kwa masharti) ni sifuri, kwenye kompyuta halifiki sifuri kamwe, kwa sababu ya gridi (nukta zenye nafasi kati yake zinazowakilisha anga) na ukadiriaji wa desimali, na linaweza kukua haraka sana. Pima kosa la yale masharti 4 kila baada ya hatua kadhaa. Likianza kupanda kabla mashimo hayajakaribiana, usikimbilie kubana gridi tu: ongeza kwenye milinganyo vipengele vinavyofifisha kosa, ambavyo thamani yake ni sifuri pale masharti yanapotimia. Mwanafizikia Frans Pretorius alifanya hivyo mwaka 2005, kwa koodineti za hamoniki zilizopanuliwa, akaufikisha mgongano mwisho. Pia kagua data yako ya mwanzo. Ikiwa haitimizi masharti, hakuna kififishi kitakachokuokoa.