Jibu: John Conington na ufafanuzi wake wa Virgil

Ndugu, umeuliza John Conington alikuwa nani, na kama ufafanuzi wake wa mashairi ya Virgil, mshairi wa Kirumi wa kale, ungali unafaa kusomwa. Alizaliwa mwaka 1825 mjini Boston, ule wa Lincolnshire nchini Uingereza, si wa Marekani, na husimuliwa kwamba akiwa na miaka minane alimsomea baba yake kwa ghibu mistari elfu moja ya Virgil. Mwaka 1854 akawa profesa wa kwanza wa Kilatini katika Chuo Kikuu cha Oxford.

Juzuu ya kwanza ya ufafanuzi huo ilitoka mwaka 1858. Ukiifungua utakuta mistari ya Kilatini juu ya ukurasa, na chini yake maelezo marefu yanayoonyesha wapi Virgil amechota kwa Homer, wapi kwa Theocritus, washairi wa Kiyunani waliomtangulia, na kwa nini neno fulani limewekwa pale; hapo ndipo penye thamani yake hadi leo, ingawa katika uhakiki wa nakala za mkono umekwisha kupitwa. Tafsiri yake ya kishairi ya Aeneid, utenzi mkuu wa Virgil, (1866) mimi siipendi sana, kwa sababu alifuata mistari mifupi ya mshairi wa Uskoti Walter Scott, inayokwenda mbio ilhali Virgil hutembea kwa utulivu. Alifariki mwaka 1869, akiwa na miaka 44 tu, na mwanafunzi wake Henry Nettleship ndiye aliyekamilisha juzuu ya tatu ya ufafanuzi huo, kisha akahariri kazi ya mwalimu wake juu ya Persius, mshairi mwingine wa Kirumi; kazi hiyo ningekushauri uanze nayo, kwa kuwa ni fupi na ina tafsiri ya nathari.